Sunburst walirekodi ugenini, Tanzania iwarejeshe nyumbani

Oktoba 2024 msanii wa Marekani, Tyler, the Creator, alitoa singo iitwayo "Noid" kuitangulia albamu yake ya Chromakopia. Gitaa linalokwaruza linaushika wimbo ule tangu mwanzo, na katikati yake zinasikika sauti zinazoimba Kinyanja. Vijana wengi waliucheza kwenye simu zao bila kujua kwamba gitaa lile na sauti zile vilikuwa na umri wa miaka 47. Vinatoka katika "Nizakupanga Ngozi", wimbo wa bendi ya Ngozi Family uliomo kwenye albamu ya 45,000 Volts, iliyotoka Zambia mwaka 1977.

Kwa mtu wa Sumbawanga, Zambia si nchi ya kusimuliwa. Ukitoka mjini ukapita Matai, ukafika Kasesya, ng'ambo ya pili ni njia ya Mbala. Ukichagua barabara ya Laela, unatokea Tunduma. Walungu na Wamambwe wana ndugu pande zote mbili za mpaka, na maporomoko ya Kalambo yanamwagika mpakani penyewe, nusu yetu na nusu yao. Meli ya Liemba, iliyojengwa Ujerumani mwaka 1913, imepita Kasanga kwa miongo mingi ikielekea bandari ya Mpulungu. Hata umeme: kwa miaka mingi TANESCO imeununua umeme wa Sumbawanga kutoka Zambia, ukiingilia upande wa Mbala, kwa kuwa mkoa wa Rukwa haukuwa umeungwa kwenye gridi ya taifa. Spika ngapi za uwanda wa Ufipa zimenguruma kwa umeme wa Wazambia!

Ndiyo maana ni vizuri habari ya gitaa hili isomwe kutokea Ufipa. Ukiitazama kutokea Dar es Salaam, roki ya saikedeliki ya miaka ya 1970 inaonekana kitu cha Wazungu wenye nywele ndefu. Ukiitazama kutokea Sumbawanga, ni muziki wa jirani. Na si wa jirani peke yake. Tanzania ilikuwa na bendi yake iliyopiga muziki wa aina hiyo kwa Kiswahili, ikiwa na waimbaji wenye mori na gitaa lenye makali. Bendi hiyo iliitwa Sunburst. Albamu yake pekee ilipatikana kwa kuvuka mpaka kwenda Zambia, na imefika masikioni mwa vijana wa leo kwa sababu kampuni ya London iliifufua. Katika safari hiyo yote, mkono wa taasisi za Tanzania hauonekani sana. Hilo ni deni, na deni hili linalipika.

Kwanza muziki wenyewe. Mkwaruzo wa gitaa la Paul Ngozi, kiongozi wa Ngozi Family, unatokana na kifaa kidogo cha chuma ambacho mpigaji hukikanyaga kwa mguu, kiitwacho fazi. Umeme unaotoka kwenye nyuzi za gitaa ni dhaifu. Fazi huuongeza nguvu kupita kiasi ambacho transista zake zinaweza kubeba, vilele vya mawimbi vikakatwa, na sauti iliyoingia ikiwa laini ikatoka ikiwa na meno. Pedali ya kwanza ya aina hii kuuzwa madukani, Maestro Fuzz-Tone, ilitoka Marekani mwaka 1962, lakini wanunuzi walikuwa wachache hadi Rolling Stones walipoitumia katika wimbo wa "Satisfaction" mwaka 1965. Miaka miwili baadaye Jimi Hendrix alikuwa ameshaigeuza kuwa lugha kamili. Akaiunganisha na pedali nyingine, wawa, ambayo mguu ukiinuka na kushuka gitaa linafumba na kufumbua mdomo. Ongeza mwangwi, ongeza solo ndefu isiyo na haraka ya kufika, na hiyo ndiyo sauti ambayo vijana wa San Francisco na London waliihusisha na njozi za dawa za kulevya.

Huku kwetu njozi zile hazikuwa na maana kubwa. Kilichovuka bahari ni sauti. Paul Ngozi, ambaye jina lake halisi lilikuwa Paul Dobson Nyirongo, aliichukua sauti hiyo akaimbia mambo ya mitaa ya Lusaka: ndoa zinazoyumba, pombe, majirani, uhaba wa fedha. Alisifika kwa kupiga gitaa kwa meno jukwaani. Ngoma zilipigwa na Chrissy Zebby Tembo, ambaye naye alitoa albamu kwa jina lake, My Ancestors, mwaka 1974. Ukiisikiliza Ngozi Family kwa makini utaona ufundi haukuwa wa kujionyesha. Gitaa na besi hushikana na kwenda pamoja kwenye mstari mmoja mzito, sauti ya mwimbaji ikapanda juu yake. Ndiyo maana mtayarishaji wa kizazi hiki anaweza kukata kipande chake, akakizungusha tena na tena, na kisichoshe.

Zambia iliupata muziki huo kwa sababu zinazoeleweka. Ilipopata uhuru mwaka 1964 ilikuwa moja ya nchi zenye migodi mikubwa ya shaba duniani, na shaba ilileta zaidi ya asilimia 90 ya mapato yake ya nje. Miji ya Kitwe, Ndola na Chingola ilikuwa na kumbi za starehe za wachimbaji, maduka ya santuri, na vijana wenye mshahara. Rais Kenneth Kaunda, mwenyewe mpigaji gitaa, aliagiza redio ya taifa ipige muziki wa Wazambia kwa asilimia 95. Vijana waliokuwa wakikopi nyimbo za Rolling Stones na Deep Purple wakalazimika kutunga za kwao. Bendi ya WITCH ilitoa Introduction mwaka 1972, ambayo kwa kawaida huhesabiwa kuwa albamu ya kwanza ya kibiashara ya Zambia. Amanaz wakafuata na Africa mwaka 1975. Mtangazaji Manasseh Phiri akaupa muziki huo jina la Zamrock.

Ndola kulikuwa na kiwanda cha santuri. Jambo hilo lisipite hivi hivi, kwa sababu ndilo lililoitenga Zambia na Tanzania kuliko siasa, kuliko pesa, kuliko hata vipaji.

Turudi Dar es Salaam. Serikali ilikuwa na maoni yake kuhusu muziki wa kigeni tangu mapema. Desemba 1962, Rais Julius Nyerere alipotangaza kuundwa kwa Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana, alisikitika kwamba vijana wengi walijua kucheza rumba, chacha na roki huku wakiwa hawajawahi hata kusikia ngoma za makabila yao. Oktoba 1968 Umoja wa Vijana wa TANU ulipitisha azimio lililoitwa Operesheni Vijana, likapiga marufuku sketi fupi, mawigi na suruali za kubana kuanzia Januari 1, 1969. Mwaka huohuo wa 1969 Mkuu wa Mkoa wa Pwani, Mustafa Songambele, akapiga marufuku muziki wa soul katika mkoa wake, na enzi hizo Dar es Salaam ilikuwa ndani ya Pwani.

Ungetegemea baada ya hapo vijana wakae kimya. Hawakukaa. Afro 70 ya Patrick Balisidya ilianza mwaka uliofuata. Safari Trippers walikuwepo, na baadaye wakampata Marijani Rajab. Sparks, Rifters na Barkeys walikuwa na wapenzi wao. Vijana wa shule walijazana kwenye bugi, dansi za mchana zilizoisha kabla ya giza ili wazazi wasiwe na la kusema. Mwanamuziki John Kitime wa Wana Njenje, ambaye kwa miaka mingi amefanya kazi ya kuandika historia ya muziki wa Tanzania, amezikumbusha dansi hizo kwa kizazi ambacho hakikuzijua.

Mwaka 1970 ikazaliwa Sunburst. Mwimbaji wake alikuwa James Mpungo, na gitaa lilishikwa na Hembi Flory Kongo, aliyetoka Kongo. Ilikuwa bendi ya vijana wa nchi mbalimbali waliokutana Dar es Salaam ya enzi zile, mji uliokuwa umejaa wapigania uhuru, wanafunzi na wakimbizi wa kila upande wa Afrika. Mtindo wao waliuita Kitoto. Mwaka 1973 walishinda shindano la bendi la taifa. Kwa hiyo ile hadithi kwamba roki ilifukuzwa Tanzania haisimami: bendi iliyopiga gitaa la fazi ilivikwa taji mbele ya taifa, miaka minne tu baada ya soul kupigwa marufuku.

Sikiliza "Enzi za Utumwani" au "Simba Anguruma" leo, kwa spika nzuri. Ngoma zinatembea kwa hatua za muziki wa huku, wakati gitaa linavuta upande mwingine kabisa. Hazigombani. Mpungo anaimba kwa koo lililofunguka, bila ule utulivu wa waimbaji wa dansi waliokaa nyuma ya kipaza sauti wakiwa na suti. Maneno yanazungumzia utumwa, Afrika, utu wa mtu mweusi. Yaani mambo yaleyale ambayo serikali ya wakati ule ilitaka vijana wayaimbe. Hapa ndipo watu waliouona muziki huu kuwa uasi tu walipokosea. Bendi ilikuwa imeusikia ujumbe wa Mwalimu Nyerere vizuri, ikaamua kuupaza kwa amplifaya.

Lakini Sunburst walikuwa na tatizo ambalo kipaji hakiwezi kulitatua. Tanzania haikuwa na kiwanda cha santuri. Radio Tanzania Dar es Salaam ilirekodi bendi katika studio zake na kuzitangaza, na kwa hilo RTD inastahili heshima isiyo na mwisho, maana bila studio ile nusu ya muziki wa dansi usingekuwepo. Lakini kanda ya redio ilibaki redioni. Bendi iliyotaka santuri ya kuuza dukani ilipaswa kupeleka wimbo Nairobi, ambako kulikuwa na kampuni, wahandisi na mashine. Ufundi ukatoka hapa, biashara ikafanyika kule.

Mwaka 1976 Sunburst walikuwa Zambia, na huko ndiko ilikotoka albamu yao pekee, Ave Africa. Bendi ya Kiswahili, iliyoshinda taji la taifa la Tanzania, ikapata albamu kwenye nchi ya Zamrock. Mwaka huohuo reli ya TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, ilikabidhiwa rasmi kwa serikali mbili. Watu huikumbuka reli hiyo kwa ajili ya shaba na harakati za ukombozi. Ingefaa ikumbukwe pia kwamba wakati inajengwa na kufunguliwa, wanamuziki walikuwa wakitembea kwenye ukanda huohuo. Musi-O-Tunya, bendi ya Wazambia akina Rikki Ililonga na Derick Mbao, walipanda hadi Nairobi kurekodi. Sunburst walishuka Zambia. Tanzania ilikuwa katikati, mikoa ya Mbeya na Rukwa ikiwa kizingitini, na Rukwa yenyewe ilikuwa mkoa mchanga uliozaliwa mwaka 1974 tu.

Mwaka 1977 mlango mwingine ukafungwa. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika na Tanzania ikafunga mpaka wake na Kenya, na ukakaa umefungwa hadi 1983. Kwa mfanyabiashara wa vitenge ilikuwa hasara. Kwa bendi ilikuwa kukatwa mikono, kwa sababu Nairobi ndiko santuri zilikotengenezwa. Mpango wa Kampuni ya Filamu Tanzania wa kuwa na studio na kiwanda cha santuri haukuzaa kiwanda. Kisha zikaingia kaseti, na kila mwenye redio ya kurekodi akawa kiwanda chake mwenyewe, mtunzi asipate hata senti.

Sasa ichukue santuri ya 45 mkononi uitazame. Ni inchi saba kwa upana. Katikati kuna karatasi ya duara, na juu yake jina la wimbo, chini yake, kwa herufi ndogo ndani ya mabano, jina la mtunzi. Jina la bendi liko peke yake. Pembeni kuna namba ya toleo na alama ya kampuni. Ukiigeuza kwenye mwanga utaona, kati ya mfereji wa mwisho na karatasi, namba iliyochongwa kwenye plastiki yenyewe kiwandani. Kipande hiki kimoja kinajibu maswali yote ambayo mwanasheria angeuliza: nani alitunga, nani alipiga, nani alimiliki, ilibonyezwa toleo gani. Kanda iliyobaki kwenye rafu ya redio huenda ina kipande cha karatasi kilichoandikwa kwa kalamu jina la bendi na tarehe, basi. Wimbo wa Zambia ulitoka na cheti chake cha kuzaliwa. Wimbo wa Tanzania, mara nyingi, ulitoka hewani ukapotelea hewani.

Matokeo yake yanaonekana hadi leo. Santuri za Zamrock ziliokotwa na wakusanyaji, zikafuatiliwa kwa majina yaliyochapwa juu yake, mikataba ikaandikwa, albamu zikatolewa upya Ulaya na Marekani. Emmanuel Chanda, maarufu kwa jina la Jagari, mwimbaji wa WITCH, alikuwa ameshaacha muziki na kuingia kwenye uchimbaji wa vito. Akapigiwa simu, akarudi jukwaani. Filamu kuhusu bendi yake ilitoka mwaka 2019, na mwaka 2023 WITCH wakatoa albamu mpya, Zango. Ikumbukwe kwamba wenzake wengi wa enzi zile hawakuiona siku hiyo. UKIMWI uliwamaliza, na Manasseh Phiri, aliyeupa muziki wao jina, alikuwa ameshakuwa daktari na mmoja wa sauti kubwa za Zambia katika mapambano dhidi ya ugonjwa huo. Paul Ngozi alifariki mwaka 1989, akiwa na umri wa miaka 40 hivi, miaka 35 kabla Tyler hajaisikilizisha dunia gitaa lake.

Sunburst nao walipata bahati yao, ila kwa mlango wa nyuma. Mwaka 2016 kampuni ya Strut ya London ilitoa Ave Africa: The Complete Recordings 1973–1976, ikikusanya albamu, singo na rekodi zilizofanywa kwa ajili ya redio. Ni kazi nzuri, iliyofanywa kwa heshima. Lakini inauma kwamba kijana wa Sumbawanga anayetaka kujua bendi ya nchi yake ilipiga nini mwaka 1973 anategemea wazo la mtu aliyekaa London.

Wapo watakaosema hasara si kubwa, kwa kuwa roki haikuwa yetu. Pingamizi hilo lijibiwe kwa uzito wake, maana hata Mwalimu alikuwa na wasiwasi wa aina hiyo, na wasiwasi wake uliwasaidia wengi. Bila sera ile ya utamaduni huenda bendi zetu zingeendelea kukopi nyimbo za Wazungu na Wakongo mpaka leo. Dansi la Kiswahili lina deni kubwa kwake.

Lakini chukua ilimba ya Wagogo. Mafundi wake hutoboa tundu kwenye ubao wa chombo na kuliziba kwa utando wa buibui, ili kila chuma kinapoguswa sauti itoke na mvumo juu yake. Kwenye mbira za Zimbabwe hufungwa maganda ya konokono au vifuniko vya soda kwa kazi hiyohiyo. Marimba za sehemu nyingi za Afrika zina utando kwenye vibuyu vyake. Katika masikio ya babu zetu, sauti safi tupu ilikuwa haijakamilika. Ilihitaji kuchafuliwa kidogo ndipo ikolee. Transista ya fazi inafanya kwa umeme kazi ambayo utando wa buibui uliifanya kabla ya umeme. Balisidya, mzaliwa wa Mvumi, Dodoma, alikulia kwenye nchi ya ilimba kabla ya kushika gitaa. Mkwaruzo ule ulipofika Afrika Mashariki na Kusini haukukuta masikio mageni, na huenda hiyo ni sababu mojawapo ya Zamrock kushika haraka kuliko roki ya kistaarabu ya gitaa lisilo na doa.

Kwa hiyo kinachodaiwa hapa si kutukuza kitu cha kigeni. Ni kudai chetu.

La kwanza linaihusu TBC, mrithi wa RTD na wa kanda zake. Hazina hiyo imezungumzwa sana, mipango ya kuihamishia kwenye kompyuta imetangazwa zaidi ya mara moja, na kuna kazi iliyofanyika. Kinachokosekana kwa msikilizaji wa kawaida ni orodha. Kabla ya sauti, itolewe orodha: bendi gani, wimbo gani, siku gani, nani alikuwa studio. Orodha haihitaji mashine ya gharama. Inahitaji watu wenye kalamu, subira, na wazee wachache waliokuwepo, wangali hai. Hili la mwisho ndilo la haraka. Aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1973 ana zaidi ya miaka 70 sasa.

La pili ni haki. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamlinda mtunzi maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa kwake, yaani nyingi kati ya nyimbo hizi bado zina wenyewe, kama si watunzi basi watoto wao. COSOTA, ofisi ya hakimiliki, iwatafute. Isisubiri waje na vyeti ambavyo hawakuwahi kupewa. Mtayarishaji wa New York au London akitaka kesho kukata sekunde nane za wimbo uliorekodiwa RTD, awe na ofisi ya kuipigia simu, na ofisi hiyo iwe na jina la mtu wa kulipwa. Bila hivyo atafanya moja kati ya mawili: atachukua bila kulipa, au atauacha wimbo wetu na kuchukua wa Zambia, ambao karatasi zake zimekamilika.

La tatu linaihusu Rukwa yenyewe, na hapa mkoa una nafasi ambayo Dar es Salaam haina. Nyumba za wazee wa Sumbawanga, Matai, Laela, Namanyere na Kasanga zimepokea vitu vya kutoka Zambia tangu Mbala ilipoitwa Abercorn: baiskeli, mablanketi, sukari, redio. Santuri na kaseti nazo zilivuka. Haitakuwa ajabu kukuta kwenye sanduku chini ya kitanda singo ya bendi ambayo wakusanyaji wa Ulaya wanaitafuta kwa tochi. Watu wanazitupa wanapohama au mzee anapofariki, kwa kuwa hakuna aliyewaambia zina thamani. Maafisa utamaduni wa halmashauri, wakishirikiana na walimu wa sekondari, wanaweza kuwatuma wanafunzi wakapige picha karatasi ya kila santuri, pande zote mbili, pamoja na namba ile iliyochongwa, na kumrekodi mwenye nyumba akisimulia aliipataje. Kazi ya likizo moja inaweza kuzaa kumbukumbu ambayo nchi nzima haina.

Na hali ya hewa iko upande wa Ufipa. Uwanda uko juu, mita 1,800 hivi mjini Sumbawanga, na ubaridi wake ni rafiki wa kanda za zamani. Adui wa kanda ni joto na unyevu: gundi inayoshika unga wa sumaku hulainika, kanda ikanata, ikipigwa inabanduka. Kule bondeni Muze na Ilemba, au ufukweni Kasanga na Kirando, kaseti iliyoachwa kwenye kabati huharibika mapema kuliko iliyowekwa mjini juu. Santuri nazo zisimamishwe wima kama vitabu, zisilazwe zikabebana, zisiwekwe karibu na bati. Chumba kimoja kikavu cha maktaba ya mkoa, chenye rafu za mbao na kufuli, kingetosha kwa kuanzia.

Redio za Sumbawanga nazo zina la kufanya. Saa moja kwa wiki ya Zamrock na roki ya Kiswahili, mtangazaji akitaja jina la mpigaji gitaa kila wimbo unapokwisha na kuwaomba wasikilizaji wapige simu, ingeleta habari nyingi kuliko utafiti wa kufunga na kufungua mafaili. Wapo wasikilizaji wanaojua Kibemba na Kinyanja watakaofafanua maneno. Wapo waliokwenda kucheza dansi Mbala. Hao wote wananyamaza kwa sababu hakuna aliyewauliza.

Mjini Sumbawanga, kama ilivyo kila mji wa Tanzania sasa, kuna studio ndogo ambazo zana zake ni kompyuta, kipaza sauti na godoro lililopigiliwa ukutani kuzuia mwangwi. Vijana waliomo wanakata sampuli kutoka nyimbo za Marekani, kwa kuwa ndizo wanazozijua. Kijana wa namna hiyo angekabidhiwa "Simba Anguruma" pamoja na maelezo ya nani wa kuombwa ruhusa na kwa bei gani, asingehitaji kufundishwa la kufanya. TBC ianze na makasha ya mwaka 1973, mwaka ambao Sunburst walitwaa taji, na orodha yake itolewe hadharani kabla wale waliokuwa nyuma ya kioo cha studio hawajaisha.